Mikangazi Niliyoikata Vichwa

Kilambo

Baba Swalehe, mikangazi ya mwanao, ile miti yake ya mbao, nimeiharibu. Si moto, si ng'ombe wa mtu. Ni mkono wangu huu huu unaokupikia ugali.

Haya, sasa nikusalimu. Asalaam aleikum, mume wangu. Mguu wako umepoa? Mama mkwe anakula vizuri? Mimi mwili mzima, homa haijanigusa tangu nihamie huku mtoni, ila moyo wangu haupo mahali pake. Simu ningepiga, lakini ungenikatiza katikati, na jambo hili nataka ulisikie mpaka mwisho.

Unakumbuka Swalehe alivyonileta huku nimwangalizie shamba wakati yeye yuko chuoni. Mtoto gani mwingine wa Nanyamba kasomea miti mpaka chuo? Hayupo, na watu wote wa hapa nimewaambia, hata wale wanaovuka kwenda Msumbiji. Aliponiaga alisema, "Mama, mvua zikiisha, matawi ya chini uyapunguze kidogo." Hakusema zaidi. Angemfundisha nani kupogoa? Mimi ambaye wageni huletwa kutazama mikorosho yangu!

Basi nikapogoa kama ninavyojua. Mkorosho mchanga si tunaukata kichwa utanue mikono, tunaufungua katikati jua liingie? Nilikwenda mti kwa mti, wiki mbili, naimba. Uliozidi kimo changu niliuvuta chini nikaukata juu. Hata vidonda nilivipaka salfa, ile tunayopulizia mikorosho. Nikasimama kando nikaona shamba zima limekaa usawa mmoja. Nilijisifu, Baba Swalehe. Nilimwita mpaka Somoe, jirani yangu, nikamwambia aje ajifunze.

Wiki iliyopita kapita bwana misitu wa wilaya. Nikamwahi njiani nimwoneshe kazi. Alipoingia mstari wa kwanza tu, akavua kofia.

"Mama, nani amefanya hivi?"

"Mimi mwenyewe, na sikusaidiwa na mtu."

"Mama yangu, huu si mkorosho. Hapa hatutaki mikono, tunataka shina moja lililonyooka kwenda juu. Umeikata vichwa."

"Si vimeota vingine?"

"Vimeota. Hebu hesabu."

Nikahesabu machipukizi saba kwenye mti mmoja, yanasukumana kama watoto kwenye sinia la pilau. Akachana moja kwa kisu, ndani mna kiwavi mwekundu anatafuna, unga wake unamwagika nje. Anasema mdudu huyo anapenda chipukizi laini, na mimi nimemwandalia karamu. Miti niliyoikata chini sana haitatoa mbao tena, itabaki vichaka. Iliyobaki huenda ikapona, hakuniahidi, tukiuachia kila mti chipukizi moja zima lililonyooka. Mengine tuyakate kwa msumeno karibu na shina bila kuchuna gamba, na yenye viwavi tuyachome moto. Tena iwe kabla ya mvua, maana mvua ikianza machipukizi yatazidi na wadudu watazidi.

Nimeanza peke yangu. Siku nne, mistari miwili, na bega la kulia haliinuki tena. Mistari iko ishirini na sita. Somoe alinikuta nimekaa chini, akacheka: "Hodari wa Nanyamba leo amenyolewa na miti!" Kisha akanishikia matawi mpaka adhuhuri. Lakini naye ana korosho zake zimeanguka, siwezi kumng'ang'ania.

Jana Swalehe kapiga simu. "Mama, watoto wangu hawajambo?" Ndivyo anavyoiita miti yake. Nikamjibu, "Wazima, wamenenepa." Nimemdanganya mwanangu, Baba Swalehe. Alicheka kwa furaha, akasema likizo ya Desemba atakuja kuwapima urefu. Miche ile aliibeba kwa baiskeli kutoka Mtwara mjini, akaimwagilia kwa ndoo kiangazi kizima. Mimi nimeimaliza kwa wiki mbili za sifa.

Najua huko ni msimu, korosho ziko chini na zikinyeshewa zimeharibika. Najua nakuomba uziache, mje wote mnisaidie kukata. Na sina hata cha kukutia moyo, maana pengine mtafika mkute hata iliyobaki imeliwa. Ila Swalehe nitamwambia mwenyewe, kwa mdomo wangu, siku tutakayomaliza. Usinitangulie.

Mje na misumeno ya mkono, mapanga yaacheni. Kunigombeza utanigombeza, lakini huku unakata.

Mama mkwe mwambie namwamkia, yeye abaki atuombee dua. Wifi yangu Hadija nisalimie, acheke amalize huko huko kabla hajapanda gari. Shemeji yangu fundi seremala asikose, mkono wake hautetemeki. Binti yetu Rukia aje na mumewe, kichanga chake nitakibeba mimi mgongoni, mgongo bado ninao.

Ni mimi mkeo, Mama Swalehe, niko mstari wa tatu, na nawangoja nyote Jumamosi ya kwanza ya mwezi wa kumi na moja.