Macho ya Paa Jike

Indu, mimi siogopi jini wala maiti. Leo paa wa katuni kanitetemesha mpaka chai ikanimwagikia.

Mjukuu wangu kaipata kwenye simu ile filamu ya zamani aliyoichora marehemu Madhukar. Paa jike mwenye mimba anapelekwa kuchinjwa, mfalme wa paa anajitoa afe badala yake.

Yule jike akageuka, akanitazama. Shoga, yale macho ni yako. Nimeizima filamu, bado yananitazama.

Madhukar aliniapia kamchora paa wa bustani ya wanyama ya Rani Bagh. Mimi mkewe hakunichora hata sikio. Niambie, uliwahi kukaa naye akuchore?

Umejibu upesi: "Sikuwahi, dada. Kope iliyolegea wanayo wengi."

Indu, mimi nimetaja macho. Kope sijaitaja.