Kavira amelia mu filme

Nadine, acha byote usome! Kavira wetu, ule wa duka ya sabuni hapa Walikale, ameaibika leo mbele ya parokia nzima.

Sébastien, ule kijana wa kamera, alikuwa anatuonyesha mu salle ya parokia filme yake ya uchumi, ile ameunga na video za zamani alizookota kwa watu. Sauti ikasema kwa huzuni: "Bei ya madini ilipoanguka, wamama wa Walikale walilia." Na mu ukuta, pale filme inaonekana, njo nani analia, makamasi mupaka kidevuni? Kavira!

Salle nzima ikageuka kumuangalia. Mama mumoja akamukumbatia: "Pole dada, hatukujua." Mwingine akamuuliza kama duka ingali inafungua!

Kavira akaruka, akasimama mbele ya mwangaza, filme ikamupita ku uso. "Kaka Sébastien! Ile ni ndoa ya Elodie! Nilikuwa nakata bitunguu!"

BITUNGUU, Nadine!!

Sébastien akajikaza: "Mama, hizi ni archives, picha za zamani."

"Archives ya nini? Ni mimi, niko hapa!"

Watu walicheka mupaka padri akakaa chini.

Lakini Kavira hakucheka. Akasema polepole: "Siku bei ilianguka na wateja wakaisha, nililia kweli, peke yangu nyuma ya duka. Hakuna muntu alikuja na kamera. Ungeniuliza."

Dada, Sébastien aliona haya. Akatoa kamera palepale, akamuomba aeleze yote, atie maneno yake mu filme.

Unajua Kavira alimujibu nini?

"Ngojea kwanza, nikavae kikwembe kipya, kile kitenge cha siku kuu."