Jina la Muuza Maua

Jumamosi, College Park, Marekani. Mwaka wa hamsini na moja ugenini.

Hatimaye nimelipata, katika maktaba ya chuo, jina la yule mwanamke aliyeigiza muuza maua kwa dakika mbili tu katika filamu ya Kiitaliano tuliyoitazama tena na tena. Utotoni Tanga, mama hakuturuhusu kwenda sinema kabla ya sala ya magharibi, kwa hiyo mimi na dada yangu Mwanaidi tulifika kila mara majina ya waigizaji, yaliyoonyeshwa mwanzoni, yakiwa yameshapita.

Nikampigia Mwanaidi simu Tanga.

"Usinitajie, kaka! Uje unitajie hapa barazani. Au Wamarekani wamekufichia pasipoti?" Akacheka, kisha akakohoa kwa muda mrefu.

Daktari amenikataza kupanda ndege. Sikuthubutu kumwambia.

Jioni nimeliandika jina hilo kwenye kadi na kuitia posta. Sitarudi.