Disketi ya Tisa ya Kaka Prosper

Kaka Prosper,

Ulikufa Jumanne, mwisho wa kiangazi, saa nane mchana, kwa malaria iliyopanda kichwani. Ulituachia ofisini kompyuta moja, printa inayotafuna karatasi, na programu ndogo thelathini na nane ambazo wewe peke yako ulijua zinasimama juu ya nini. Mimi sikujua. Wiki iliyopita nimeziua zote kwa kidole kimoja.

Usinipe pole. Nisikilize kwanza.

Unajua nilikotoka. Darasa la saba, halafu miaka sita kwenye mizani ya mashine ya kukoboa mpunga, mpaka siku uliponisikia nikimwambia tajiri kuwa jumla yake imezidi kwa kilo kumi na nne. Ulicheka. "Tekla, Mama Hesabu, njoo kwetu umoja wa wakulima nikuonyeshe mwenzio." Nikaja. Ukaandika mstari mmoja kwenye dirisha jeusi la kompyuta, ukabonyeza, na majina ya kaya elfu mbili mia moja arobaini na sita, vijiji kumi na moja, yakajipanga kabla sijashusha pumzi. Yaliyorudiwa yakajitenga yenyewe. Nilizunguka nyuma ya kompyuta kuangalia kama kuna mtu. Ulinicheka mwezi mzima kwa hilo.

Ulisema programu zile zilizaliwa kwenye Unix, mashine za wakubwa, na hazijui lugha ya Windows yetu. "Mkalimani yupo katikati. Ni kama kikao cha kijiji cha Michenga. Bibi wa Kisukuma hajui Kiswahili, bibi wa Kindamba naye ndio hivyo hivyo, lakini mkalimani mmoja anawatosha wote." Hukuniambia mkalimani anakaa wapi, wala anaitwaje. Hilo nakulaumu, na sitaacha kukulaumu.

Basi diski ya kompyuta ilijaa. Nikafanya kama ninavyofanya stoo, kila kitu nakiuliza kazi yake. Nikafika kwenye faili moja lenye herufi DLL mwishoni. Nikalibonyeza mara mbili, halikufungua chochote. Nikasema, huyu anakula bure. Nikalifuta, na pipa la takataka nikalimwaga. Nafasi niliyopata haikufika hata nusu megabaiti.

Programu ya kupanga majina ikagoma. Ya kutafuta ikagoma. Nilizijaribu moja moja, zote thelathini na nane, na zote zikalitaja faili lile lile kuwa halionekani. Kaka, niliogopa, lakini haikuwa hofu tu. Nilikaa mikono mapajani nikitazama kioo. Kitu kisicho na kazi ya kuonekana, ambacho hakuna anayekifungua, kumbe ndiye mkalimani wako, na wote waliokuwa wakisifiwa kwa kazi walikuwa wanasema kwa mdomo wake! Kanisani huwa napiga magoti kwa mazoea. Siku ile nusura nipige kwa kweli.

Ndipo nikakumbuka disketi ulizotumia kuziingiza. Hapo nikalia.

Siku ya kumaliza matanga wazee walinikabidhi mimi kugawa vitu vyako, kwa kuwa mimi si ndugu wa damu na hesabu yangu haileti ugomvi. Baiskeli kwa mdogo wako, redio kwa mama, mashati kwa wajomba. Zikabaki disketi tisa, na watu wa kupewa ukumbusho walikuwa tisa. Nikampa kila mmoja moja. Zilikuwa na namba, moja mpaka tisa. Nikadhani ni za kuhesabia tu, kama tunavyoandika kwenye magunia. Watu walinisifu, na mimi nikavimba kichwa. Kumbe ulikuwa umekata mzigo mmoja vipande tisa, na kimoja kikikosekana haufunguki!

Nimepanda treni. Kule Mang'ula, shangazi yako aliiweka yake pamoja na cheti chako cha ubatizo. Kule Mlimba, baba yako mkubwa aliniuliza, "Nikikupa, utairudisha?" Nikasema nitairudisha. "Na yeye mwenyewe, utamrudisha?" Akanipa hata hivyo, ameifunga kwenye leso. Ninazo nane.

Ya tisa anayo wifi Benadeta, mkeo. Kwenye lebo, chini ya namba, uliandika jina lake. Jina tu. Anaamini umemwachia barua humo ndani. Tangu matanga anaiweka chini ya mto. Nilipomwomba alisema ataileta mwenyewe ofisini Alhamisi saa mbili asubuhi, atakaa kwenye kiti chako, nami nimsomee.

Siwezi kumwambia asije. Ijumaa lori la mbegu za msaada linataka orodha isiyo na jina lililorudiwa, kaya moja fungu moja. Bila orodha linapeleka mbegu kwingine, na kule Michenga mafuriko ya masika yalibeba hata mbegu ya akiba. Mvua zimeshaanza kupiga upande wa milima ya Udzungwa. Kwa mkono nachambua majina mia na ishirini kwa siku. Nahitaji siku kumi na nane. Leo ni Jumatatu.

Lala salama, kaka yangu. Nakuahidi disketi zote nitazinakili mara mbili, na kila ndugu atarudishiwa yake mkononi, hata kama ni Mlimba. Na jina la faili lile nitaliandika ukutani kwa rangi, ili atakayekuja baada yangu asione linakula bure.

Lakini hili la wifi hesabu yangu haifiki. Nikifungua na kukuta kipande cha mwisho cha programu tu, nitamwambia nini akiwa amekaa pale ananitazama mdomo? Niseme uongo? Uongo siuwezi, unanijua. Basi nijibu kama ninavyokuuliza, usizunguke. Umemwandikia mkeo, au hukumwandikia? Ndiyo au hapana, kwa ndoto au kwa njia yoyote mnayotumia huko, kabla ya Alhamisi saa mbili asubuhi.