Kamba ya Wifi Saumu

Ijumaa, 5 Septemba

Maji yalikupwa saa nne. Niliingia pangoni mimi, wifi Saumu akashika kamba. Chupa tano. Moto baridi, dawa tunayoichuma mwambani, umeota vizuri bamvua hili, mnene kama ukoga wa kisima, buluu yake inaonekana hata kabla macho hayajazoea giza. Nilibandua kwa kijiko cha mbao. Glavu mbili mbili, na bado ganzi ilipita. Vidole vya mkono wa kulia havijarudi mpaka sasa. Naandika kwa kuitazama kalamu. Siisikii.

Wanaume wa chama chetu cha wachumaji walikwenda msikitini. Wanawake tulibaki kufunga chupa. Mgonjwa akilamba tone moja, hasikii maumivu mpaka kesho yake. Sisi tunaochuma unatuingia bila kulamba. Kwanza vidole. Ukizidisha, unaingia moyoni.

Jumamosi, 6 Septemba

Zamu ya wifi. Mimi kambani. Kamba ya katani, ncha moja kiunoni kwake, nyingine mkononi mwangu pale mdomoni mwa pango. Kazi ya mshika kamba ni kuuliza. Aliye ndani moto ukimzidi haogopi tena. Anakaa tu, maji yanajaa, anayatazama. Kwa hiyo tunauliza swali moja, chama kizima hilohilo.

"Wifi, nikiachia kamba?"

"Nitatoka nikutie makofi mbele ya watu."

Jibu zuri. Mtu akijibu "sawa" tu, unavuta. Hungoji.

Wifi ni dada wa marehemu mume wangu. Yeye ndiye aliyeniingiza kwenye chama, miaka tisa sasa, nilipokuwa sina pa kushika. Nilikuwa nikimwogopa kwa ulimi wake. Siku hizi simwogopi. Simwogopi mtu yeyote. Nimeliandika ili nilione.

Jumapili, 7 Septemba

Kanuni ya chama: siku mbili ndani, kisha mwezi mzima nje. Zangu mbili nilizimaliza Ijumaa. Lakini wachumaji wawili wanaumwa, na Mzee Makame, mkuu wa chama, aliniomba niingie tena.

Wifi alikataa. "Mzee, huyu amekwisha. Mtazame macho."

Mzee akanigeukia mimi. Nikasema naingia. Sikuwa na sababu. Kusema hapana kulitaka nguvu.

Nilichelewa kujibu swali, wifi akanivuta. Goti lote limechubuka. Alinitukana njia nzima mpaka kwake Kigombe, ninakolala siku za kazi. Alilia pia, nafikiri.

Alasiri simu kutoka Nguvumali, Tanga. Binti yangu amejifungua. Mtoto wa kike, wazima wote wawili. Mjukuu wangu wa kwanza. Nilisema alhamdulillahi kwa kuwa ndivyo inavyosemwa. Kisha nikaenda kuosha glavu.

Jumatatu, 8 Septemba

Naandika kama ilivyokuwa.

Wifi aliingia saa tano kasorobo. Alitaka kubandua dari ya ndani kabisa, ambako mwaka huu hajafika mtu. Mkono wangu haukuisikia kamba, nikaizungusha kwenye kifundo cha mkono.

Niliuliza. Alinitukana. Niliuliza tena. Alikawia, akanitukana kidogo. Mara ya tatu:

"Wifi, nikiachia kamba?"

"Achia."

Nilisikia. Upepo haukuwepo. Nilijua hilo ni jibu gani na nilijua natakiwa kufanya nini. Nilikaa. Maji yakapita miguu, yakafika magotini. Nilikuwa namtazama kaa mmoja anapanda mwamba. Nilifikiri, atavutwa. Kana kwamba mvutaji ni mtu mwingine.

Mzee Makame alikuwa pango la pili. Aliona maji yalipofika, akaona mimi nimekaa. Akaja mbio majini, akaivuta kamba yeye. Wifi alitoka amelegea, macho wazi. Hai. Maji ya ndani yalikuwa yamemfika shingoni na hakuwa amesogea hata hatua moja.

Jumatano, 10 Septemba

Wifi hasemi. Anakula akilishwa. Jana alikanyaga kaa la moto, hakuondoa mguu mpaka bintiye Rehema alipomsukuma.

Mzee Makame amewaambia watu kamba ilikwama mwambani. Ananisitiri. Anajisitiri na yeye, maana ndiye aliyenirudisha ndani. Rehema ameamini. Ananiamkia shikamoo, mkaza mjomba, ananishukuru kwa kukaa na mama yake, ananipikia uji. Nakunywa.

Najua napaswa kuwa na aibu. Naitafuta, siioni.

Ijumaa, 12 Septemba

Nimemwambia Rehema. Si kwa majuto, sina. Nilifikiri tu kwamba wifi angekuwa na ulimi wake, angenisema mpaka niseme.

Rehema alikuwa anaanua nguo. Nikamwambia kamba haikukwama. Nikamwambia neno alilolisema mama yake, na kwamba nililisikia.

"Ulikaa mpaka lini?"

"Mpaka maji yalipofika magotini."

"Ulikuwa unafikiri nini?"

"Sikuwa nafikiri. Nilikuwa namtazama kaa."

Alikunja nguo zote. Alizikunja vizuri, moja moja. Akaingia ndani, akafunga mlango. Begi langu nililikuta nje baada ya sala ya adhuhuri.

Nilimpelekea Mzee Makame glavu zangu. Nikamwambia nimeshasema. Alizipokea. Halafu akavaa kofia, akaenda kwa Rehema na yeye. Nilimwona akisimama mlangoni. Hakufunguliwa.

Jumatatu, 15 Septemba

Nalala kwa Mama Zuhura, jirani wa wifi. Hakuniuliza kitu. Basi la Tanga limepita jana na leo, sikupanda. Binti yangu anapiga simu, anataka nikamwone mtoto. Nimemwambia nitakuja.

Chama kimeziba pango la ndani kwa mawe.

Rehema alipita na ndoo. Hakuniamkia.

Alhamisi, 25 Septemba

Rehema alikuja asubuhi. Alisimama nje ya mlango, hakutoa shikamoo.

"Naenda Muheza kuchukua machungwa. Narudi alasiri. Mama hajaoga."

Akaondoka.

Nikaenda. Wifi alikuwa ameketi kwenye kigoda chooni, Rehema alishamkalisha. Nilichemsha maji, nikachanganya ndooni. Mvuke ulikuwa umekwisha. Nikatia mkono. Hakuna kitu. Nikatia mpaka kiwiko. Sikujua kama ni ya moto au ya baridi. Na yeye asingesema.

Nikamwita Mama Zuhura, nikamwomba aje ayaguse. Alikuja na mikono ya unga. Akaifuta kwenye kanga, akatia vidole, akavitoa upesi.

"Ungemuunguza. Ongeza baridi."

Nikaongeza. Akagusa tena, akasema bado. Nikaongeza. Akasema hapo sawa. Hakuondoka. Aliegemea ukuta.

Nikamvua wifi kanga, nikaanza na mgongo.