Ngurumo ya Bati

Mjukuu wangu Agnesi,

Marahaba, shikamoo yako nimeipata. Hapa Mshangano mahindi yamebeba. Bibi yako goti linamsumbua, ila ugomvi wake na kuku haujapungua.

Filamu yako tumeitazama mara tatu. Kumbe wale wanasesere wa udongo unawasogeza kidogo kidogo, unawapiga picha moja moja mpaka wanatembea, na mvua unainyunyiza mwenyewe kwa kopo lenye matundu! Sasa unauliza: alama za vidole vyako mashavuni mwao uzifute kwa kompyuta, kama mwenzako wa kazi anavyotaka?

Nilipokuwa kijana, parokiani tuliigiza mateso ya Yesu kila Ijumaa Kuu. Kazi yangu ilikuwa kutikisa bati nyuma ya pazia, liwe ngurumo Yesu anapokata roho. Mwaka mmoja Yesu aliinamisha kichwa, na kabla sijagusa bati, radi ya kweli ikanguruma. Nikachanganyikiwa. Nikalitikisa hivyo hivyo, nimeshachelewa, nikajua nimeharibu igizo zima.

Watu walipotawanyika nikamwomba mama yangu radhi. Akanishangaa.

"Ile ya kwanza ilikuwa radi tu," akasema. "Ya pili ndiyo iliyoniliza. Niliiona miguu yako chini ya pazia, inatetemeka."

Mambo ya kompyuta mimi siyajui. Ila mwaka uliofuata katekista alileta pazia jipya, refu hadi sakafuni. Nikamwomba aturudishie lile fupi.

Babu yako,
Kosmasi