Siku Tisa Kwenye Ndiva

Myamba, Upare Kusini
3 Oktoba 1951

Kwa dada yangu Raheli,

Shikamoo dada. Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na shemeji Yahaya na watoto, ambao mpaka leo nawajua kwa majina tu. Huku tunaendelea. Shangazi Ernesta bado miguu inamsumbua, mdomo haumsumbui hata kidogo. Migomba aliyoipanda marehemu mama nyuma ya jiko imezaa mikungu miwili. Barua anakuletea Swalehe, yule anayepandisha chumvi na vitambaa gulioni kwetu. Nimemwomba akukabidhi mkononi. Usimhoji, hajui kitu.

Utajiuliza nimekumbuka nini baada ya miaka miwili ya kimya. Nitakueleza kwa utaratibu, na yale unayoyajua tangu utotoni msomee shemeji, maana yeye ni mtu wa tambarare.

Mwambie kwamba ndiva ni bwawa letu la udongo, kule juu bondeni. Maji ya kijito hujaa humo, asubuhi mlinzi huzibua tundu, na maji hushuka kwa mfereji hadi mashambani, kila ukoo kwa zamu yake. Mlinzi ni mimi, tangu baba alipotutoka. Mweleze pia habari za ukungu. Kila kiangazi, siku ambazo hakuna azijuaye kabla, ukungu mweupe hutanda juu ya ndiva, na ndani yake muda hauendi kama huku nje. Aliyemo huona amekaa kidogo tu, kumbe nje watu wamelala na kuamka mara kadhaa. Ndiyo maana tulikatazwa kuingia. Ukungu ukishuka maji husimama, na mwenye zamu siku hiyo ameikosa, hakuna kufidiwa. Hilo la mwisho ndilo lililoniponza.

Mwaka jana bwana shamba Mzungu alikuja kupima bwawa. Tulimkataza, akaingia na kamba yake ya kupimia. Alitoka siku ya nne, akamfokea mpishi kwamba chai aliyoiacha ikifuka moshi imepoa. Nasikia kwenye ripoti yake aliandika kuwa alipatwa na homa.

Sasa nakuja kwenye habari yenyewe. Agosti ya mwaka 1949 mama alibanwa na kifua. Siku ya pili aliniita asubuhi, akaniambia nishuke Same nikuite. Alisema hasira za ndoa yako zimemwisha na hata hakumbuki zilimsaidia nini. Uje na watoto, na mumeo pia. Tena yule jogoo wake mwekundu asiguswe na mtu. Amngoje Yahaya amchinje mwenyewe kwa desturi ya dini yake, ili naye ale nyumbani kwetu bila wasiwasi. Mama, ambaye kwa miaka sita alikataa kulitaja jina la Yahaya, asubuhi ile alilitaja mara tatu. Akanisisitiza nisisimame popote njiani.

Nilisimama. Njia inapita kando ya ndiva, na siku ile ilikuwa zamu yetu. Ukungu ulikuwa umeshatanda. Maharage yangu yalikuwa kwenye maua, na kuikosa zamu ile kulimaanisha kungoja siku nane nyingine. Nilijiambia kwamba kuzibua tundu ni kazi ya dakika moja, na Same ni mwendo wa siku mbili, dakika moja haitaongeza wala kupunguza. Niliingia, nikaushika mti wa kuzibia, nikauvuta, nikaona maji yanatoka, nikageuka. Sikuketi wala kupumzika.

Nilipotoka niliona kwanza maharage. Maua yalikuwa yamepukutika na majani yamekauka. Nikarudi nyumbani mbio. Nilikuta ndugu wamenyoa nywele, na nyuma ya nyumba kuna kaburi. Zilikuwa zimepita siku tisa. Mama alifariki siku ya nne tangu niondoke, na mpaka jana yake alikuwa akiuliza kama mmeonekana njiani.

Dada, sehemu inayofuata nimeiandika na kuichana mara nyingi. Watu wote walidhani natoka Same. Kabla sijafungua mdomo, shangazi Ernesta aliuliza kama umekataa kuja. Niliinamisha kichwa. Akalia, akasema alijua tu. Ningeweza kusema ukweli pale pale, sikusema. Baadaye waliponiuliza ulijibu nini hasa, nikatunga. Niliwaambia umesema kwamba huku Myamba huna mama. Maneno hayo ni yangu mimi. Na waliposhangaa kuwa mfereji ulitoa matone kwa siku tisa ilhali ukungu umetanda, niliwaambia mti wa kuzibia umeoza. Mimi ndiye mlinzi, wakaniamini.

Kwa hiyo huku unajulikana kuwa binti aliyekataa kumzika mama yake. Wewe nawe, uliyesikia msiba kwa watu wa sokoni, nadhani unajiona binti ambaye hakuitwa. Yote mawili si kweli. Naona aibu, dada. Nimeiona kila siku kwa miaka miwili, na haikunifanya mtu mwema zaidi, imenifanya tu mtu wa kukaa peke yake.

Jogoo yupo. Kila ukungu unaposhuka namtia kwenye tenga, namtupia konzi ya mtama, kisha nalisukuma tenga humo ndani kwa mti mrefu, kamba nikiwa nimeishika nje. Baada ya wiki namvuta, na punje bado iko mdomoni. Watu wanasema nimerukwa na akili. Lakini ukungu si wa kila mwezi, na siku nyingine anazeeka kama jogoo wengine. Sijui atafika lini mwisho wake.

Jumapili ijayo nitasimama kanisani kabla watu hawajatawanyika, nimwambie shangazi na wote haya niliyokuandikia. Usipotaka kunisamehe nitaelewa, wala sikuiti kwa ajili yangu. Mimi nilitumwa, nikachelewa. Sasa naufikisha ujumbe: mama anakuita. Uje na watoto, na shemeji aje na kisu chake.

Wasalimie wote nyumbani, na wadogo uwaambie wana mjomba. Mkija, pandeni kwa njia ya gulioni hata kama ni ndefu. Msipite kwenye ndiva.

Ni mimi mdogo wako,
Kaanaeli